Harufu Iliyotangulia Ua: Waridi katika Nyimbo Zetu, kutoka Pwani hadi Kitale na Bungoma

Kabla sijaanza naomba jambo moja dogo. Kila mwenye mama, shangazi, dada, mke au binti aitwaye Rose, Rosa, Roza au Rozi, ainue mkono.

Asanteni. Nimejaribu kuhesabu nikashindwa. Shusheni. Sasa ainue mkono yule tu ambaye kwao, nyumbani kwa huyo Rosa, pamepandwa mwaridi.

Mikono mitatu.

Basi hiyo tofauti kati ya ukumbi mzima na mikono mitatu ndiyo mada yangu ya leo. Jina la ua hili limejaa katika rejista za ubatizo kutoka Chwele hadi Endebess. Tunaliimba harusini, kanisani na redioni. Mmea wenyewe wengi wetu hatujaupanda, na wanaoushika kila siku hawauimbi. Nimeliwaza jambo hili kwa muda mrefu, na nilipofikia ni hapa: waridi lilitufikia nusu nusu. Pwani lilikuja kama harufu, ua lenyewe likabaki ng'ambo. Hapa Kitale leo tunalo ua, lakini harufu yake imetoweka. Nyimbo zetu zimesimama katikati ya nusu hizo mbili.

Tuanze na harufu, kwa kuwa ndiyo iliyotangulia.

Waridi ni neno la Kiarabu, na lilivuka bahari pamoja na kilichokuwa ndani ya chupa. Mwaridi wa manukato hustawi mlimani, penye usiku wa baridi. Huko Oman hulimwa kwenye matuta ya Jabal Akhdar, karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari. Kati ya mwisho wa Machi na katikati ya Mei, wakulima huamka gizani wakachuma maua kabla jua halijapanda, maana jua likishapanda mafuta yake hupotea hewani. Maua hutiwa kwenye vyungu, vyungu hukaa ndani ya tanuri la udongo, moto huwashwa chini, mvuke hupanda, ukapoa, ukawa maji. Maji yaliyopikwa kwa njia hiyo ya zamani huwa na harufu ya moshi kidogo. Hutiwa kwenye halua, hutiwa kwenye kahawa, na hutiwa kwenye kile chombo chenye shingo ndefu na kichwa chenye matundu ambacho Waswahili hukiita mrashi.

Mrashi ndio ulioshuka Unguja, Mombasa na Lamu. Biashara na Oman ilikuwa ya kale, nayo iliongezeka Seyyid Said alipohamishia makao yake Unguja katika karne ya 19. Aliyehudhuria maulidi alinyunyiziwa marashi viganjani, akajipaka usoni. Aliyeingia nyumba ya harusi alipokewa vivyo hivyo. Wengi walilijua waridi kwa pua, wakazeeka bila ya kuliona mtini. Maua waliyoyaona kwa macho yalikuwa mengine: asumini, kilua, mkadi, yakifungwa pamoja na rihani kuwa kikuba, na kikuba kikavaliwa kifuani ili kitoe harufu kadiri mwili unavyopata joto.

Ukishalijua hilo, unausikia upya wimbo wa taarab unaolitaja waridi. Mwimbaji hasifu umbo. Hahesabu petali wala hamweki mpenzi wake kwenye bustani. Anachokisifu ni kitu kinachoingia chumbani kabla ya mwenyewe kuingia, na kinachobaki kwenye mto wa kitanda akishaondoka. Ndiyo maana waridi la pwani hukaa vizuri sana katika nyimbo za kuachwa. Ua lililonyauka limekwisha, lakini harufu ni mabaki ya mtu asiyekuwepo tena. Mwana Kupona binti Msham wa Pate, katika utendi aliomtungia binti yake mwaka 1858, anamwusia kujipamba na kujitia manukato, na usia ule umekaa pamoja na wa heshima na wa dini, bila mpaka. Manukato yalikuwa sehemu ya adabu.

Taarab yenyewe ilikuwa na masikio yaliyotegwa Misri. Ikhwani Safaa, chama kikongwe cha Unguja, kipo tangu 1905. Siti binti Saad wa Fumba alisafiri hadi Bombay mwaka 1928 kuimbia santuri, na miaka mitano baadaye, 1933, Wamisri wakatoa filamu ya nyimbo iitwayo Waridi Jeupe, mwigizaji na mwimbaji wake akiwa Mohammed Abdel Wahab. Nyimbo za filamu za Misri zilisikilizwa sana Unguja na Mombasa, na mahadhi yake yakavishwa maneno ya Kiswahili. Kwa hiyo waridi la taarab lina baba wawili, chupa ya marashi na sahani ya santuri, na wote wawili walikuja kwa bahari.

Lakini kuna kitu ambacho hakikuja kwa bahari, nacho ni kile ambacho Kiswahili chenyewe kililifanyia ua. Ua ni lile linalochanua. Ua pia ni ule uwanja wa nyuma ya nyumba uliozungushiwa wigo, mahali pa majiko na mazungumzo ya wanawake. Uani ndiko siri hutoka. Na kuua ni kuua. Mtunzi wa pwani akikuambia kwamba ua la uani limemuua, amekupa maana tatu kwa herufi mbili, na mwenye wivu aliyeketi safu ya mbele hawezi kusema kwa hakika kama ameimbwa yeye. Mafumbo ya namna hiyo hayahitaji waridi la kweli. Yanahitaji masikio makali tu. Ndiyo maana hakuna aliyelalamika kwamba mmea haupo.

Harufu hiyo ilipanda bara kwa miguu, kisha kwa reli. Joseph Thomson alipopita Mumias mwishoni mwa 1883, Waswahili wa misafara walikuwa tayari wanaijua njia. Baadaye Uislamu ulipoota mizizi katika ufalme wa Nabongo Mumia, maulidi, dufu na mrashi vilifuatana nao. Reli ilifika Kitale mwaka 1926. Ile njia kuu ya Uganda, inayopita Webuye na Bungoma, iliingia Kampala mwaka 1931. Penye stesheni pakaota mitaa ya wafanyabiashara, na ndani ya mitaa hiyo sanduku la santuri lenye tarumbeta.

Sasa naomba niwarudishe nyumbani. Nimekulia upande wa Kimilili, na nilizisikia nyimbo za Kibukusu kabla sijajua kusoma. Nilipokuwa naandaa mhadhara huu nilizikumbuka moja baada ya nyingine, nikaenda kuwauliza na walionizidi umri: nyimbo za jando, za harusi, za kubembeleza mtoto, za wazee wa litungu wenye nyuzi zao saba. Sikupata waridi hata moja. Hilo lilitarajiwa. Miwaridi ya asili haimo kwenye miteremko ya Elgon. Waridi-mwitu wa upande huu wa Afrika, Rosa abyssinica, ni ua jeupe la vichaka vya nyanda za juu za Ethiopia.

Kilichonishtua ni kingine. Sikupata hata ua lolote la kumsifia msichana. Katika nyimbo za harusi nilizolelewa nazo, bibi harusi husifiwa kwa ukoo wake, kwa ng'ombe waliopelekwa kwao, kwa uvumilivu wa mama yake, kwa mikono inayojua jembe na mwiko. Ukitaka umma ujue kwamba msichana huyu anapendwa, unamtaja baba yake kwa jina, ukamtaja na babu. Wanaume na wanawake wanacheza kamabeka, mabega yanatikisika, njuga za chisasi zinajibu miguuni, na sifa inayopaa ni ya nasaba. Nilipokuwa kijana wa shule niliona hilo kama ukavu. Leo naliona kuwa ni heshima kubwa: msichana hasifiwi kwa kitu kinachonyauka.

Mimea lakini imo, tena imo kwa nguvu kuliko nilivyodhani. Kila mwenye umri wa kukumbuka amewahi kusimama kando ya njia alfajiri ya Agosti, katika mwaka wa shufwa, akisubiri mtoto wa jando arudi kutoka mtoni. Unamsikia kabla hujamwona. Wimbo wa Sioyaye unakuja kwenye ukungu, kishindo cha miguu kinakuja chini yake, kisha anatokeza: uchi, amepakwa tope tangu utosi hadi nyayo, macho hayapepesi. Na juu kabisa ya kichwa, kwenye tope, limesimamishwa jani la nyasi. Tope linaanza kukauka na kupasuka mabegani, lakini lile jani halitikisiki, maana mwenye kichwa hatikisiki. Nimewahi kusimama karibu nalo kiasi cha kuona tone la maji ya mto likiwa bado limening'inia kwenye ncha yake.

Wimbo hausemi kwamba kijana ni kama nyasi. Kijana ameivaa. Hapo ndipo nilipoanza kuelewa tofauti. Katika nyimbo za pwani mmea ni mfano, na uhodari wa mtunzi ni kuuficha mfano huo. Katika nyimbo zetu mmea ni shahidi. Unaletwa, unavaliwa, unashikwa mkononi, na kazi yake ni kuwepo.

Ninao ushahidi mwingine, na ndio unaonigusa zaidi. Mnaujua mti wa murembe. Wazungumzaji wa Kiswahili huuita mwamba-ngoma, na ubao wake mwepesi huchongwa ngoma. Shina lake lina miba. Majani yake hupukutika, na mti ukishabaki mtupu huwaka maua mekundu kama makaa yaliyopulizwa. Jekundu, lenye miba: mtunzi wa Ulaya angeutazama akautungia wimbo wa mapenzi siku hiyo hiyo. Wazee wetu waliufanya mti wa kiapo. Penye shauri lisilo na shahidi, mshukiwa alipelekwa chini ya murembe akaapa, na aliyeapa uongo aliaminika kuwa amejihukumu mwenyewe. Ulaya ua jekundu lilimwambia mtu: nakupenda. Kwetu ua jekundu lilimwambia mtu: sema kweli. Ninyi mnaotunga nyimbo za mapenzi, na najua mmo humu ndani, fikirieni wimbo ambao ua lake linadai yote mawili.

Waridi lenye mizizi lililetwa huku na mlowezi. Walowezi waliogawiwa mashamba ya Trans Nzoia, hasa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza, walipanda miwaridi mbele ya veranda zao, na ardhi hii ikaipenda. Aliyeipogoa na kuimwagilia alikuwa mtu wetu. Babu yangu mzaa mama alikuwa mmoja wao. Alikuwa na kovu jeupe kwenye gumba la kushoto, na tulipomwuliza alisema tu ni mwiba wa maua ya mzungu. Alijua nyimbo nyingi babu yule. Za ng'ombe, za vita, za Burma alikopelekwa. Maua yale aliyoyatunza miaka kumi na moja hakuyatungia hata ubeti.

Padri na mwinjilisti nao walilileta, lakini kwa kitabu. Waliofasiri Biblia ya Muungano ya 1952 walipofika kwenye Wimbo Ulio Bora, sura ya pili, pale ambapo Kiingereza husema waridi la Sharoni, hawakuandika waridi. Waliandika ua tu, ua la uwandani, na ua la pili la mstari ule wakaliita nyinyoro. Nawaheshimu sana kwa uamuzi huo. Wataalamu wa Kiebrania wanatuambia kwamba ua lile pengine halikuwa waridi hata kidogo, bali ua dogo la kitunguu linalochipuka baada ya mvua. Na nyinyoro ni kitu ambacho mtoto wa Kiafrika amekiona kikitoka ardhini. Waumini wetu hata hivyo walikwisha kulisikia waridi la Sharoni kwa Kiingereza, wakalirudisha wenyewe, na leo kwaya ya kijijini inaliimba bila wasiwasi wowote.

Kwa Wakatoliki lilikuja kwa njia ya shanga. Rozari ni neno la Kilatini, na maana yake ni bustani ya mawaridi. Mama anayesali mwezi wa Oktoba kule Kibabii, vidole vikihama kutoka shanga hadi shanga, anapita katika bustani hiyo kila jioni, na kwenye litania anamwita Bikira kwa jina la waridi la fumbo. Euphrase Kezilahabi alipoiita riwaya yake ya kwanza Rosa Mistika mwaka 1971, alimpa msichana wa kijiji cha Ukerewe jina la litania, kisha akatuonyesha dunia inavyolitenda jina hilo. Nina hakika akina Rosa wetu wengi wametoka hapo, kwenye shanga, na si kwenye bustani ya mlowezi.

Gitaa nalipita haraka, kwa kuwa matokeo yake yalinirudisha pale pale. Nimewasikiliza tena mafundi wa magharibi: George Mukabi, Daudi Kabaka, na Abana ba Nasery waliokwaruza chupa ya Fanta ikawa ala. Msichana wa nyimbo za namna hiyo ana jina, ana kijiji, ana wazazi wenye msimamo na nauli inayokosekana. Ni yule yule wa nyimbo za harusi, ila sasa amevaa viatu. Kiswahili kimeingia, mafumbo ya pwani hayakuingia nacho.

Aliyetuzoesha waridi masikioni ni Mmarekani. Sijui niseme nini kwa wale wasiotoka sehemu hizi, lakini ninyi mnajua jinsi Jumapili alasiri ya Kitale inavyosikika: redio iko kwenye kiti nje, mahindi yameanikwa, na Jim Reeves anaimba. Muziki wa kantri uliwapata wakulima wa nyanda za juu kama vile umeandikwa kwa ajili yao, hata tukapata wa kwetu kama Elvis Otieno. Na kantri imejaa mawaridi. Mwaka 1970 peke yake ulimpa Lynn Anderson wimbo wa bustani ya mawaridi ambayo hakuna aliyeahidiwa, na George Jones ule wa mwaka ulio mzuri kwa mawaridi huku ndani ya nyumba ndoa inavunjika. Mwaka 1988 Kathy Mattea akamwimba dereva wa lori anayestaafu, na kando yake dazeni ya mawaridi. Nilijiuliza kwa nini nyimbo hizi ziliingia damuni wakati mashairi ya Kiingereza ya shuleni hayakuingia. Nadhani ni kwa sababu waridi la kantri ni la mtu mwenye uwanja wake. Kuna aliyelipanda, kuna aliyesahau kulimwagilia. Mkulima wa Kiminini anaielewa huzuni ya mmea uliositawi wakati mwenye shamba amechoka.

Nimefika kwenye ua lenyewe.

Kenya ilianza kulima maua ya kuuza nje mwishoni mwa miaka ya 1960, na Naivasha ikawa kitovu. Kilimo hicho kikapanda hadi huku kwetu. Panocal na Mount Elgon Orchards ni majina ambayo kila mtu wa Trans Nzoia anayajua. Sababu ya kupanda huku ni ile ile ya Jabal Akhdar. Kitale ipo karibu mita 1,900 juu ya bahari. Usiku wake hulichelewesha tumba, na tumba likichelewa hunenepa, kikonyo kikarefuka, na soko la Ulaya hulipa kwa urefu wa kikonyo na ukubwa wa kichwa.

Dada yangu, binti wa mama mdogo, alikata mawaridi kwa miaka tisa katika shamba moja ambalo sitalitaja. Yeye ndiye aliyenifundisha yote ninayoyajua. Unaingia kwenye nyumba ya plastiki asubuhi, joto linakupokea mlangoni. Mkono wa kushoto una glavu nene, wa kulia una makasi. Mistari ya miwaridi imebebeshwa juu ya mashina ya mwaridi mwingine mgumu, na kazi yako ni kutazama tumba na kuamua. Likiwa limefumba mno halitafunguka kamwe. Likiwa limelegea hata petali mbili zaidi ya inavyotakiwa, litafika mnadani Uholanzi limekwisha. Una muda wa pumzi moja. Unakata, unaweka kwenye mkono uliokunjwa kama unayebeba mtoto, mkono ukijaa unashusha kwenye ndoo ya maji. Kutoka hapo ni chumba cha baridi, kisha meza ndefu ambako vikonyo vinapimwa kwa sentimita na kufungwa ishirini ishirini, vichwa vimelingana kama wanafunzi gwarideni.

Miaka tisa, na kazi yake ilikuwa kuhakikisha kwamba hakuna hata ua moja linalofunguka mbele yake.

Yule dada alipoolewa, wenzake wa meza ya kupangia walimwimbia. Huwa wanaimba, alisema, redio ikizimwa: tenzi za kanisani, na nyimbo za harusi za nyumbani wakigeuza majina. Nilimwuliza kama wana wimbo wa mawaridi. Alinitazama kama niliyeuliza kama wana wimbo wa ndoo. "Lile si letu, kaka. Lile ni la ndege." Na ndivyo lilivyo. Aprili 2010, majivu ya volkano ya Iceland yalipofunga anga za Ulaya, ndege zikakaa chini na maua ya Kenya yakatupwa kwa tani. Siku zile mlima mzima wa mawaridi ulikuwa wetu, na hatukujua la kufanya nayo.

Siku moja alipewa ruhusa ya kuchukua moja la yaliyokataliwa. Kikonyo kilikuwa kimepinda, hilo tu. Alilifunga kwenye gazeti, akapanda nalo boda boda, akalitia kwenye kopo la Kimbo lenye maji, dirishani kwake. Usiku wa tatu alinipigia simu. Nilidhani kuna msiba. "Kaka," akasema, "limefunguka. Kumbe ndani lina rangi nyingine."

Nikamwuliza linanukaje. Akanyamaza kidogo, nadhani alikuwa ameinama. "Halinuki," akasema. "Linanuka maji."

Si kosa la Kitale. Mawaridi ya kukatwa yamechaguliwa kizazi baada ya kizazi yadumu siku nyingi kwenye chombo na yavumilie safari, na harufu ikapotea njiani. Mwaka 2015 watafiti wa Ufaransa walieleza kimeng'enya kimoja kinacholipa waridi sehemu ya harufu yake, nacho katika maua yasiyonukia hufanya kazi kwa unyonge mno. Lakini fikirieni safari yenyewe. Mababu wa pwani walilipokea waridi katika chupa, harufu tupu isiyo na ua, wakalijengea karne nzima ya nyimbo. Sisi tumelipokea ua tupu lisilo na harufu, kwenye mlima ulio karibu na kimo kile kile cha mlima wa Oman, na tumekaa kimya. Nashawishika kwamba nyimbo hutoka puani na vidoleni kuliko machoni. Kinachoonekana tu, hasa kikiwa kimefumba na kinakwenda kwa mwingine, hakimpi mtu sauti.

Nilikuwa tayari kuuishia mhadhara hapo. Kisha Novemba iliyopita tukamzika shangazi yangu, karibu na Chwele. Aliitwa Rosa.

Mnajua maua yanayokataliwa sasa yana soko lake. Yanafungwa mafungu, yanasimama kwenye ndoo penye stendi ya Kitale, na Ijumaa jioni yanashuka Bungoma kwenye buti za matatu kwa ajili ya harusi na mazishi ya Jumamosi. Zamani tuliweka mashada ya karatasi na plastiki. Siku hiyo wajukuu walipewa kila mmoja waridi moja. Dada yangu ndiye aliyeyaleta, na nilimwona asubuhi ameketi kwenye kigoda nyuma ya jiko, akiondoa miba kwa kucha, ua baada ya ua, ili watoto wasichomwe. Hakuwa na glavu. Aliipanga ile miba kwenye kitambaa magotini, kama mtu anayechambua mchele.

Mwongozaji wa wanawake pale ni mama mzee ambaye ameimba kwenye kila kaburi la upande ule tangu nikiwa mtoto. Alianza wimbo wa maombolezo ninaoujua, wa zamani, usio na ua ndani yake. Watoto wakaanza kupita. Mtoto wa tatu au wa nne alipoinama, mama yule aligeuza neno. Mahali pa jina la marehemu, ambapo kila mara huingizwa jina, aliimba Rosa, na mara ya pili akaimba rozi, na mara ya tatu sauti ikaanguka katikati ya hayo mawili. Hakuna aliyeweza kusema ni yupi aliyekuwa akiitwa, aliyelala ndani au lililokuwa likidondoka juu yake. Wanawake waliitikia bila ya kusita, kama vile wimbo ulikuwa hivyo siku zote. Mawaridi yaligonga ubao kwa sauti ndogo sana, moja moja.

Dada yangu alikuwa amesimama kando yangu na lile la mwisho mkononi, lake mwenyewe. Alilisogeza puani, kwa mazoea tu ya mtu yeyote aliyeshika ua. Vidole vyake vilikuwa na damu kidogo kwenye ncha. Kisha mstari ukarudi, jina likafika zamu yake, na nikamsikia akiitikia.